Sufuria ya presha ya umeme, lita 6: inampunguzia nani kazi?

Maharagwe ndiyo mtihani wake. Kampala iko zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, kwa hiyo maji huchemka kabla ya nyuzi 100 na maharagwe makavu hukaa kwenye sigiri saa mbili na zaidi. Muda wote huo lazima awepo mtu wa kuongeza maji na makaa, na mtu huyo mara nyingi ni mama au binti. Sufuria hii ya wati 1,000 inaivisha nusu kilo iliyolowekwa usiku kucha kwa dakika 25 hivi za presha. Isiyolowekwa, dakika 50. Umeme unaoliwa haufiki nusu yuniti. Mwenye kibanda sokoni anaifunga, anaondoka.

Weka maji lita moja na nusu na kijiko cha mafuta, usipite nusu ya sufuria. Ukijaza, povu hupandisha maganda hadi kwenye tundu la mvuke, likaziba. Chomoa kifuniko chake kidogo cha ndani ukioshe kila ukipika. Mpira wa mfuniko ukilegea, mvuke huvuja na presha haipandi. Usiiunge kwenye ekstensheni nyembamba, inaweza kuyeyuka. Umeme ukikatika, usiulazimishe mfuniko: joto la ndani linaendelea kupika.

Kwa matoke ni ya wastani. Panga mabua ya majani ya mgomba chini, vikombe viwili vya maji, funga matoke kwa majani, dakika 25. Yanaiva, lakini harufu ya kuchemshwa taratibu huipati, na familia ya watu wanane haitashiba. Kumenya kunabaki kulekule, na kisu bado kiko mkononi mwa mwanamke. Binyebwa, yaani mchuzi wa karanga, upike mfuniko ukiwa wazi. Kwenye presha karanga hushika chini na kuungua.

Bei nafuu ya umeme wa kupikia nchini Uganda, shilingi 412 kwa yuniti, ilipoanza 2022 iliwekwa kwa yuniti ya 81 hadi 150 za mwezi. Anayenunua Yaka (umeme wa kulipia kabla) kidogo kidogo huenda asiifikie kamwe, naye ndiye aliyeihitaji zaidi.

Vitufe vimeandikwa Kiingereza. Bandika karatasi yenye picha ya haragwe kando ya kitufe chake, na siku ya kwanza baba na wavulana wapike wao, kuanzia kuloweka hadi kuosha mpira. Akijua mama peke yake, atapigiwa simu sokoni kuulizwa kitufe.