Uzoefu wangu: kukodi ukumbi wa ndani kwa timu ya voliboli Mombasa

Msimu huu wote timu yetu ya wasichana imekuwa ikikodi ukumbi wa ndani jioni moja kila juma. Mimi ndiye ninayekusanya pesa na kupigiana simu na ofisi yao, kwa hivyo makocha wenzangu wamekuwa wakiniuliza kama unafaa. Uko upande wa bara, ng'ambo ya daraja. Jina silitaji, maana si yote nitakayosema yatawapendeza wenyewe.

Kwa kifupi: unafaa, lakini si kwa kila kitu, na usiukodi kama huwezi kusukumana na watu wa harusi.

Wengi hudhani tunakimbia mvua. Masika tunaahirisha mazoezi siku mbili tatu, basi. Kinachotusumbua ni upepo. Kusi ikishika kasi mwezi wa Juni na Julai, kiwanja cha wazi kama chetu, ambacho hakiko mbali na bahari, jioni hakichezeki. Mpira wa voliboli una gramu 260 hadi 280 tu, kama nusu ya mpira wa kikapu, na upepo ukishauchukua ndiyo basi. Wasichana wetu wamejifunza kuishi na hali hiyo. Anayeanzisha mpira huku upepo uko mgongoni anaugusa taratibu. Wakibadilisha upande, anaupiga kwa nguvu zake zote. Mpangaji naye, yule anayewainulia wapigaji mpira, anauinua mfupi mfupi, hathubutu kuurusha juu. Nje tunashinda kwa ujanja huo. Tulipowaingiza ndani, kila mpira wa kuanzia ukawa unapita mstari wa nyuma, na wao wakawa wanatazamana kama watu waliobadilishiwa mpira.

Halafu kuna suala la macho. Nje mpira unauona dhidi ya mbingu. Ndani unauona dhidi ya mabati, vyuma vya paa na taa, na mpokeaji anayeinua uso anaweza kuupoteza kwenye mwanga kwa sekunde moja. Sekunde hiyo inatosha kukutoa. Kocha hawezi kulifundisha hili kwa maneno. Timu kutoka Pwani ikipanda Nairobi na kuambiwa mechi ni ya ndani, Nyayo au Kasarani, seti ya kwanza yote huishia kuzoea paa. Hiyo ndiyo sababu hasa tunalipa.

Sasa ukumbi wenyewe. Umejengwa kwa kufikiria mpira wa kikapu, uwanja wa mita 28 kwa 15, na mistari ya voliboli imechorwa juu yake kwa rangi nyingine. Kwa nafasi hatuna malalamiko: uwanja wetu ni 18 kwa 9, na zile mita tatu za wazi kila upande zinapatikana bila kugonga ukuta. Tatizo liko juu. Sheria inataka mita 7 za hewa tupu juu ya uwanja, na paa linazo, lakini feni wamezining'iniza chini ya vyuma. Mpira ukigusa feni umetoka, na mpokeaji wetu wa kwanza ana tabia ya kuuinua mpira ukagonge pale pale. Tukizima feni tunapikwa. Tunazizima wakati wa seti, tunaziwasha wakati wa kunywa maji, na kila mara lazima mtu atumwe ofisini kwa sababu swichi imefungiwa huko. Kwa nini, sijaambiwa.

Wavu ni wao, nguzo ni zao, na hapa nakushauri uje na futi yako ya kupimia. Nguzo hazikuchimbiwa, zimesimama kwenye vyuma vizito vyenye magurudumu, na kamba ikikazwa zinainama kwa ndani kidogo kidogo. Unaweza kuanza mazoezi wavu ukiwa sawasawa, mita 2.24 za wanawake, na nusu saa baadaye katikati umeshuka kiasi cha kila mtu kujiona mpigaji hodari. Sisi tumeuchukua mti wa ufagio, tukaufunga utepe mwekundu kwenye 2.24, na libero wetu, yaani mchezaji wa ulinzi tu, ambaye ndiye mfupi kuliko wote na hapigi juu ya wavu, ndiye mwenye kazi ya kuusimamisha katikati kila tunapobadilisha upande. Anaifanya kazi hiyo kwa ukali wa karani wa bandarini. Ukishuka anapiga kelele, na wawili wanakwenda kukaza.

Sakafu ni nzuri, na nasema hivyo nikijua zilivyo nyingine. Ina mnyumbuko kidogo, magoti hayalalamiki kesho yake, na msichana anaweza kujirusha bila kuacha ngozi ya kiwiko. Ila Mombasa ni Mombasa: hewa ni nzito, na asubuhi baada ya usiku wa mvua sakafu yenyewe hutoa unyevu, unaweza kuandika jina lako kwa kidole. Jasho nalo. Mchezaji akijirusha anaacha alama ya tumbo zima, na anayefuata akiikanyaga anakwenda nayo. Wahudumu hawana dekio la kukausha haraka, kwa hivyo kila mzazi alitoa leso kuukuu moja. Hukaa nne kila upande, na anayekalia benchi ndiye anayefuta. Pamba iliyofuliwa miaka kumi inanyonya kuliko taulo lolote la dukani.

Kitu ambacho sikukitarajia kutupa faida kubwa ni faragha. Wachezaji wetu wengi wanavaa buibui, na nje wanacheza na mitandio inayovutwa na upepo huo huo niliousema. Tuliomba saa ya wanawake peke yao, na ofisi ikakubali bila maneno mengi: vioo vya mlango vinabandikwa karatasi, wafanyakazi wa kiume wanatoka, mama za wachezaji wanakaa kwenye ngazi za watazamaji na watoto wadogo. Tangu tuanze hivyo tumepata wasichana ambao baba zao walikuwa hawataki kusikia habari ya voliboli. Mara moja askari wa mlangoni aliingia moja kwa moja kuja kuangalia taa. Mama mmoja alimkabili kabla sijafika, na hajaingia tena.

Kuhusu taa hizo: ni za aina ya zamani. Stima ikikatika jenereta inawaka upesi, lakini taa haziwaki. Lazima zipoe kwanza ndipo zikubali kuwaka tena, na mnaweza kukaa gizani dakika kumi au zaidi huku saa mliyolipia inakwenda. Niliomba dakika zile zirudishwe mwishoni. Nikaambiwa kuna timu nyingine inangoja mlangoni, na kweli ilikuwapo.

Bei kwetu ni shilingi 2,500 kwa saa ya jioni. Tukiwa wote kumi na wanne inakuwa chini ya 180 kwa kila mchezaji, lakini hatuwi kumi na wanne, na anayetoka Likoni ana nauli ya matatu ya kwenda na kurudi juu ya hiyo. Chagua saa kwa akili. Ukichukua saa kumi na mbili, magharibi inakukatia katikati. Wasichana wanatawadha, wanaswali, wanarudi, na robo ya pesa yako imekwenda kwa jambo ambalo huwezi na hutaki kulizuia. Sisi tulihamia saa kumi, na kabla ya adhana watu wako njiani kwao. Ramadhani mambo hugeuka: ukumbi unajaa baada ya tarawehe, timu za mitaa zinapigania nafasi ya saa tano usiku, na bei inapanda.

Tuje kwenye harusi. Ukumbi mkubwa wenye paa, maegesho na jenereta, Mombasa, hautaachwa uwe wa michezo tu. Hilo nalielewa, na harusi moja inawaingizia pesa ambazo sisi hatutaleta mwaka mzima. Lakini ikifika Mfungo Mosi, mwezi unaofuata Ramadhani, au Desemba watu wa ng'ambo wakirudi, timu inafutwa kwa ujumbe wa simu siku moja kabla. Badala yake tunapewa saa nane mchana siku nyingine, chini ya mabati, na shule zikiwa wazi wanafunzi wako darasani. Tukiingia baada ya sherehe tunakuta mikwaruzo ya viti, pambo linalong'aa kwenye viungo vya sakafu, na harufu ya udi ambayo, nakiri, ni nzuri kuliko ile ya kawaida. Mara moja kulikuwa na mafuta ya sambusa karibu na mstari wa mita tatu. Tuliyafuta wenyewe kwa sabuni kabla ya kumruhusu mtu yeyote kuruka.

Nilipochoka nilidai karatasi. Sasa tuna makubaliano yaliyoandikwa: wakitufuta chini ya siku tatu kabla, saa ile ni bure tutakapoipata tena. Ilichukua majuma na meneja alinuna, ila amesaini. Timu ndogo nyingi hulipa kwa M-Pesa, zikapata ujumbe wa kupokewa pesa na kudhani huo ndio mkataba.

Kwa mazoezi ya pumzi, mbio na kuruka kamba, usipoteze pesa hapa. Ufuo upo na ni wa bure. Lete timu ndani kwa yale ya ndani tu: mpira wa kuanzia, kupokea ukitazama paa, na mipira mirefu ya mpangaji. Saa moja na nusu inatosha. Ukipiga simu, ulizia Jumanne au Jumatano, kwa sababu ni nadra mtu kuoa siku hizo, na uliza swichi ya feni anashika nani siku hiyo.