Ziara ya kula kwa miguu Mji Mkongwe Zanzibar: nendeni, ila ombeni iwe kwa Kiswahili

Naona watu wengi wanauliza kama zile ziara za kutembea kwa miguu Mji Mkongwe huku unaonjeshwa vyakula na kuelezwa historia zinafaa, au ndo mambo ya wazungu tu sisi tukae pembeni. Jibu langu, zinafaa sana, tena nadhani zinatufaa sisi kuliko hata hao wageni, mradi umwambie muongozaji kabla hamjaanza kwamba mnataka ziara nzima kwa Kiswahili. Kampuni sitaitaja maana sitaki ionekane natangaza biashara ya mtu na njia zao zinafanana karibu zote: mnaanzia soko la Darajani, mnazama vichochoroni, mnamalizia bustani ya Forodhani jua likizama.

Sasa kwa nini nasisitiza Kiswahili. Ziara ikiwa ya Kiingereza muongozaji ndo anaongea mwanzo mwisho, muuzaji anakupa sahani anatabasamu basi imeisha. Ikiwa ya Kiswahili yule bibi wa urojo anakusemesha mwenyewe, mzee wa kahawa anakuuliza umetokea wapi na ukoo wako wa wapi, muuza viungo anabishana na muongozaji mbele yako kuhusu karafuu ipi nzuri, na wewe unasikia kila kitu. Hicho ndo kitu unacholipia kwa kweli, chakula chenyewe ungeweza kwenda kununua peke yako.

Tulianza mchana baada ya adhuhuri pale Soko la Darajani, lile jengo kuu limekuwepo tangu 1904 na bado watu wanafanya manunuzi yao ya nyumbani humo humo, siyo soko la maonesho. Upande wa samaki tulipita haraka, muda ule pilikapilika za asubuhi zimeshaisha, kama unapenda kuona soko limechangamka omba muanze mapema. Tulikaa sana upande wa viungo na hapo kijana wetu muongozaji alinifurahisha. Alichukua karafuu moja akaniambia niiminye kichwa kwa ukucha, mafuta yakatoka kidogo na harufu ikabaki kidoleni mpaka jioni, akasema ikiminywa isipotoa kitu jua imeshakamuliwa au ya zamani. Akatueleza pia kwamba karafuu nyingi inatoka Pemba, na akatutahadharisha na zile pakiti ndogo ndogo zilizopangwa vizuri kwa ajili ya wageni, akasema kwa mpishi ni bora kupimiwa kwa uzito. Halafu na zafarani jamani. Zafarani hailimwi Unguja, inatoka nje na ni ghali popote duniani, kwa hiyo ukiona unauziwa pakiti nono kwa hela ya vitumbua hiyo siyo zafarani. Nilipenda kwamba alisema hivyo akiwa amesimama mbele ya wauzaji wenyewe na hakuna aliyenuna.

Kutoka hapo tukaenda kwenye urojo na hapa nitachukua muda kidogo maana ndo kituo bora kuliko vyote. Kibanda kidogo, benchi moja, sufuria kubwa ya ule mchuzi wa manjano, uzito wake unatokana na unga na uchachu wake embe bichi na ndimu, rangi ni ya bizari ya manjano. Muongozaji alimwamkia vizuri shikamoo bi mkubwa, na sisi tukaamkia, akasema marahaba wanangu karibuni kaeni kitako. Angalieni mikono yake mkienda. Kachori anaivunja kwa vidole moja kwa moja ndani ya bakuli, haikati kwa kisu, maana anataka ipasuke vibaya vibaya mchuzi uingie ndani, kisha bajia za dengu, vipande vya kiazi, mishkaki miwili anaivua kwenye kijiti kwa mkupuo mmoja, yai, halafu ndo mchuzi, halafu chatini ya nazi, pilipili, na mwisho kabisa chipsi za muhogo juu ili zisilainike. Nilimuuliza kwa nini muhogo mwisho akanijibu kama anamfundisha binti yake, ukiutia mwanzo umeula ushalowa, wataka usikie meno yanafanya kazi. Mtu wa Kiingereza angeambiwa tu hii ni supu maarufu ya Zanzibar.

Na maelezo ya muongozaji pale hayakuwa ya kukariri. Alionesha ndani ya bakuli lile lile kwamba bajia na kachori zimekuja na watu wa Gujarat na Kutch kule India waliofanya biashara hapa, muhogo ulifika pwani kutoka Amerika kwa njia ya Wareno, nazi na embe za uwani, na vyote hivyo vinauzwa na mama wa Kizanzibari asiyehitaji kumweleza mtu historia ili auze. Ukisomewa hayo kwenye basi hayaingii, ila ukiwa unatafuna yanaingia.

Sasa lawama yangu kubwa. Kutoka kwenye urojo moja kwa moja tukapelekwa Mkunazini, pale kanisa la Anglikana liliposimama juu ya eneo la soko la watumwa. Ni karibu na Darajani kwa hiyo kwa ramani inaeleweka, lakini kwa moyo haieleweki. Pilipili bado ipo mdomoni unasimamishwa mbele ya lile shimo lenye sanamu za watu waliofungwa minyororo shingoni, kazi ya msanii wa Sweden Clara Sörnäs ya 1998, kisha unaambiwa tuna dakika chache kahawa inatusubiri. Soko lile lilifungwa 1873 baada ya Sultani Barghash kutia saini mkataba kwa shinikizo la Waingereza, na kanisa likaanza kujengwa mwaka huo huo, watu waliopita pale walitolewa Nyasa, Tanganyika, Manyema kule Kongo, yaani ni babu na bibi zetu hawa, siyo historia ya watu wengine. Mama mmoja kwenye kundi letu alitaka kubaki kidogo asome maelezo na alikuwa anafuta machozi na muongozaji akawa anaangalia saa. Hiyo haikunipendeza kabisa. Kama kampuni inataka kuweka Mkunazini kwenye ziara ya chakula basi iweke mwanzo kabla watu hawajala chochote na itoe muda wa kutosha, la sivyo itoe kabisa na kumwambia mteja arudi mwenyewe siku nyingine. Kiingilio chake kipo tofauti pia, ulizeni kama kimo kwenye bei mliyolipa.

Vichochoro baada ya hapo vilitupoza. Milango naijua kwa macho ila kuisoma nimefundishwa siku hiyo, ile yenye upinde juu ni ya mtindo wa Kihindi, ile ya juu bapa yenye maandishi ya Kiarabu ni ya mtindo wa Kiarabu, na zile pembe za shaba zinasemekana asili yake ni India kuzuia tembo wasisukume mlango. Mji huu uliingia kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 2000 na unaona kabisa kazi ya kuutunza ni kubwa, kuna nyumba zimeegemezwa magogo na watu bado wanaishi ndani.

Kwa Freddie Mercury, yule mwimbaji wa bendi ya Queen, tulisimama, alizaliwa hapa mwaka 1946 na kuna jumba dogo la makumbusho yake Shangani, watu wakapiga picha. Sina ubaya nae, ila ningetamani Siti binti Saad apewe muda ule ule. Mwanamke aliyetoka shamba akiuza vyungu, 1928 akavuka bahari mpaka Bombay kurekodi nyimbo kwa Kiswahili, anatajwa kwa sentensi moja mkiwa mnatembea! Klabu ya taarabu ya Ikhwan Safaa ipo tangu 1905, mngeweza hata kupitishwa mahali pa kusikia kidogo mazoezi. Waandaaji kama mnasoma hapa, rekebisheni hilo, wateja wa Kiswahili watawashukuru.

Jaws Corner, kile kijiwe cha kahawa, ndo tulikunywa kahawa, alasiri, barazani na wazee. Muuzaji anamimina kutoka kwenye dele la shaba lenye mkaa chini, vikombe vidogo visivyo na mkono, kahawa chungu bila sukari, kashata unatafuna pembeni ndo utamu wako. Nimesema ziara kwa Kiswahili ni kitu kingine na hapa ndo ilionekana kuliko pote. Kulikuwa na kundi la wageni pembeni yetu wanapiga picha za dele, sisi tulikuwa tumeshaingizwa kwenye mjadala wa siasa na mpira, mzee mmoja ananiuliza huko Dar nyinyi mnasemaje, mwingine anamkatiza mwache mgeni anywe kwanza. Muongozaji alikuwa na busara ya kunyamaza. Hakutafsiri, hakuharakisha, alikaa akanywa yake. Hapo nilimsamehe ya Mkunazini kidogo.

Forodhani mwisho. Bustani ilitengenezwa upya na kufunguliwa 2009 kwa kazi ya taasisi ya Aga Khan na usiku taa zikiwaka inapendeza sana, mbele yake pale Beit el-Ajaib, lile Jumba la Maajabu, ya 1883 ambayo sehemu yake ilianguka Desemba 2020 wakati inakarabatiwa na watu wawili wakafariki, inauma kuiona vile. Kwa chakula lakini niseme ukweli, Forodhani ni ya kwenda kwa macho zaidi. Mishkaki ya samaki na pweza imepangwa mezani tangu mapema inapashwa tu moto ukija, na bei inategemea lafudhi yako, uliza bei ya kila kijiti kabla hakijaingia motoni. Juisi ya miwa nzuri, unakamuliwa hapo hapo na ndimu na tangawizi. Pizza ya Zanzibar ile ya chapati nyembamba inayokunjwa na nyama na yai kisha kukaangwa kwenye tava, watoto wataipenda, mimi nilishashiba urojo.

Mambo ya kujua kabla: tafuteni muongozaji mwenye kitambulisho, papasi, wale vijana wanaowavizia wageni pale bandarini, watawaahidi kila kitu na mwisho mnapelekwa duka la kaka zao. Uliza bei ya mkazi, mara nyingi ipo na ni ndogo kuliko ya mgeni ila usipouliza hutaambiwa. Uliza chakula kipi kimo kwenye bei na kipi unalipa mwenyewe. Vaeni nguo za heshima, mabega na magoti yafunikwe, mnapita mbele ya misikiti na mbele ya nyumba za watu. Mwezi wa Ramadhani ziara ya mchana msiiombe, subirini baada ya magharibi, na wakati huo ndo mji unapika kuliko wakati wowote. Ijumaa mchana epukeni, nusu ya maduka yamefungwa kwa sala. Vaeni viatu bapa na mbebe maji.

Mimi naipa nne kati ya tano, hiyo moja imebaki Mkunazini. Na yule bi mkubwa wa urojo ukimkuta mwambie mapema asizidishe pilipili, anatia kwa mkono wa ukarimu kweli.