Fundi wa magemu nyuma ya Soko Kuu Mtwara: anaipima mashine kwanza ndo anapokea hela

Kama unakaa Mtwara mjini na una laptopu unataka kuwekewa magemu, nenda kwenye kile kibanda nyuma ya Soko Kuu, upande wenye wauza makava ya simu, hakina bango ila ukimuuliza kijana yeyote pale fundi wa magemu ni yupi utapelekwa mpaka mlangoni. Nampa nyota nne kwa tano, hiyo moja niliyoibakisha nitaieleza huko chini. Ninachomsifia hasa ni kwamba huyu jamaa haweki gemu mpaka aijue mashine yako. Sehemu nyingi hapa mjini ukifika tu swali la kwanza ni "unataka gemu gani", wanachomeka eksteno (diski ya nje), wanakopi, unalipa unaondoka, alafu ukishafika kwako Magomeni au Chuno huko unafungua skrini inakuwa nyeusi au inakuja meseji ya kingereza imejaa namba, ukirudi unaambiwa laptopu yako ndo mbovu.

Laptopu niliyopeleka ni HP EliteBook 840 G1, hizi za mtumba ambazo sahivi kila mwanafunzi wa chuo anayo, prosesa (ubongo wa mashine) ni Core i5 ya kizazi cha nne, RAM (kumbukumbu ya muda ya mashine) GB 4, diski ya kuzunguka GB 500. Ni ya mdogo wangu, anasoma chuo hapahapa na ni mtu wa mpira kwelikweli, akitoka uwanja wa Nangwanda Sijaona anataka aendeleze mechi nyumbani. Tulitaka PES 2013 ya mpira, GTA San Andreas na Need for Speed Most Wanted ya mbio za magari, ile ya 2005.

Jamaa aliipokea akabonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, akaandika dxdiag, likaja dirisha linaloonyesha kila kitu, prosesa gani, RAM kiasi gani, Windows ni ya biti ngapi, kadi ya grafiki (ya kuchora picha kwenye skrini) ipi. Akamgeuzia mdogo wangu skrini akamwambia "ona dogo, hapa imeandika Intel HD 4400, maana yake hii haina kadi yake yenyewe ya grafiki, inakopa kwenye RAM". Akaeleza kwamba Windows 10 ikishawaka tu na vikorokoro vyake inakula karibu GB 2, grafiki nayo inachukua fungu lake, kwaiyo kwenye hizo GB 4 gemu inakuta makombo. Alafu akafungua kifuniko cha chini akatuonyesha kwamba sehemu za RAM ziko mbili na moja ipo tupu. Akasema tukitia GB 4 nyingine tunafaidika mara mbili, kwanza inakuwa nyingi, pili zikikaa mbili prosesa inazisoma kwa pamoja na hizi grafiki za Intel ndo zinanufaika kuliko kitu kingine chochote. Akasisitiza iwe DDR3L, ya volti 1.35, maana ile DDR3 ya volti 1.5 iliyotoka kwenye malaptopu ya zamani inaingia vizuri tu ila mashine haiikubali. Na hakuwa nayo dukani! Alituelekeza kwa mtu mwingine, tukanunua huko tukarudi, akaifunga bure. Fundi anayekutuma ukanunue kwa mwenzake kwa sababu yeye hana unachohitaji, huyo mimi namuamini.

Tukiwa tunasubiri akaja mama mmoja na kijana wake, laptopu ndogo ya prosesa dhaifu ya Celeron, RAM GB 4, kijana anataka GTA V. Fundi akamwamkia, akaipima kama alivyoipima ya kwetu alafu akamwambia "Mama, hela yako naitaka ila hii gemu humu haitachezeka, hata nafasi haipo". Mama akauliza "kwani mwanangu si ni kuweka tu?" Akamuonyesha ile sehemu ya diski C, imebaki GB 20 na kidogo, wakati GTA V tangu imetoka kwenye kompyuta mwaka 2015 ilikuwa inataka zaidi ya GB 60, na sahivi imezidi hapo sana. Kijana alinuna kweli. Ila jamaa hakumuacha hivihivi, akamwekea SuperTuxKart, gemu ya mbio za vigari ambayo ni ya bure kabisa kihalali na haisumbui mashine, akamwachia ajaribu palepale na ikakimbia vizuri. Mama kaondoka ametoa hela ndogo sana. Sehemu nyingine angelipa ya GTA V na ingegoma.

Na kwa San Andreas pia anauliza, ya zamani au mpya? Watu wanachanganya sana hapa. Ile ya zamani iliyotoka kwa kompyuta mwaka 2005 inakaa kwenye GB 5 hivi na inacheza hata kwenye mashine iliyochoka, ila ile iliyorudiwa mwaka 2021 inataka RAM GB 8 kwa uchache na kadi ya grafiki ya maana. Ukisikia mtu analalamika San Andreas imegoma kwenye i5 muulize kwanza kaweka ipi.

Sasa kwenye kuweka penyewe ndo nilipomkubali zaidi. Most Wanted iliingia bila shida, PES ilipofunguliwa ikaleta ile meseji maarufu kwamba d3dx9 sijui ngapi .dll haipo. Mafundi wengi wakiiona hii wanaingia mtandaoni wanatafuta hilo faili moja kwenye tovuti yoyote wanalipachika System32 (folda la Windows lenyewe), ikidai jingine wanatafuta jingine, mwisho wanachanganya mafaili ya biti 32 na 64 inakuja meseji ya kosa 0xc000007b na hapo ndo unaambiwa tupige window upya. Huyu hapakui faili mojamoja. Ana folda kwenye eksteno yake ina DirectX ile ya Juni 2010 kutoka Microsoft wenyewe, ina Visual C++ za miaka yote na .NET 3.5, hizi ni programu saidizi ambazo magemu yanazitegemea, akaziweka zote kabla hajaigusa tena gemu. Nikamuuliza mbona Visual C++ unaweka x86 (ya biti 32) na x64 (ya biti 64) wakati Windows yetu ni ya biti 64, akanijibu gemu ya zamani ni ya biti 32 hata ukiiweka kwenye Windows ya 64, inatafuta ya kwake, ukiweka moja tu umefanya nusu ya kazi. Akawasha PES ikafunguka, akacheza dakika kadhaa na mdogo wangu kuhakikisha haikwami na padi ya kuchezea inasoma. Yani anakukabidhi kitu kinachocheza mbele ya macho yako.

Kitu kingine ambacho wengi hawakijui, kama umetaka ukopiwe kwenye flashi ukaweke mwenyewe, anaangalia flashi yako kwanza. Flashi nyingi zinakuja kwa mfumo wa FAT32 na hizo hazipokei faili moja linalozidi GB 4 hata kama flashi ni ya GB 64 na ipo tupu. Unaambiwa faili ni kubwa mno, unadhani flashi feki. Anaigeuza iwe NTFS au exFAT, anakuuliza kabla kama kuna vitu vyako vya kuhamisha maana kuigeuza kunafuta vyote.

Kuhusu magemu ya kukraki (yaliyovunjwa ulinzi ili yachezwe bila kununuliwa) niseme wazi. Mengi yanayozunguka mtaani hapa ni hayo, na shida yake siyo tu kwamba waliotengeneza hawapati chochote, ni kwamba yanakutaka uzime antivairasi kabla ya kuweka, na ukishaizima hujui kilichoingia. Kuna ofisi moja hapahapa mjini, siitaji, tulipeleka mashine kabla ya hii ikarudi na gemu pamoja na vairasi ya kugeuza mafolda kuwa shotikati, kazi za chuo za dogo zote tukaanza kuzitafuta zilipojificha. Ilituuma sana. Huyu fundi wa sasa hazimi antivairasi kwa ajili ya gemu, hata umbembeleze, faili ikikamatwa analifuta anakwambia chagua nyingine. Na anashauri Steam, lile duka la magemu la mtandaoni, kwa wenye uwezo kidogo. Anakufungulia akaunti yako kwa barua pepe yako na neno siri unaandika mwenyewe yeye akiwa ameangalia pembeni, anakuonyesha yale ya bure kama eFootball na Dota 2, na anakueleza kwamba ukinunua gemu ukaona haichezeki unaweza kurudishiwa hela ndani ya siku 14 kama hujaicheza zaidi ya saa mbili.

Hapo swali linakuja la bando. GB 50 kwa bando la simu nani anaweza? Ufumbuzi wake ni mzuri sana, ana yale magemu ya bure ya Steam tayari ameshayashusha kwenye eksteno, anakukopia kwenye folda ya steamapps, ukiingia na akaunti yako ukibonyeza kuinstoo Steam inayakuta mafaili yapo, inayakagua na kushusha tu yale yaliyobadilika. Ni halali na vairasi hamna. Mwaka 2024 mwezi wa tano, kimbunga Hidaya kilipopita na barabara ya Dar ikakatika Somanga, alafu mwezi huohuo nyaya za baharini zikaharibika intaneti ikawa ya kusuasua nchi nzima, watu waliokuwa na mafaili kwenye diski ndo waliendelea na kazi. Huku kusini eksteno iliyojaa ni mali.

Alituambia pia habari ya joto, na hili watu wa Shangani na Mikindani mlio karibu na bahari mlisikie vizuri. Joto letu na unyevu wa chumvi haviendani na feni iliyojaa vumbi. Prosesa ikichemka sana inajipunguzia spidi yenyewe ili isiungue, gemu inaanza vizuri baada ya muda inakuwa nzito, unadhani imeharibika. Alipuliza feni yetu, lilitoka bonge la vumbi limeshikana kama kitambaa, akabadilisha na ile dawa nyeupe ya kwenye prosesa. Akatuonya tusicheze laptopu ikiwa juu ya godoro, na tucheze chaja ikiwa imechomekwa maana kwenye betri mashine inajibana.

Bei nilizolipa mimi: gemu ndogo 2,000, kubwa 5,000, kusafisha feni na dawa 10,000. Kwa Mtwara ni bei za kawaida, kuna wa bei ndogo kuliko yeye lakini hawajaribishi.

Sasa ile nyota moja. Yuko peke yake na jioni watoto wa shule wanajaa, foleni haina mpangilio, anayejuana naye anapita mbele na hilo lilinikera kwa sababu nilikuta watu wamekaa muda mrefu kuliko sisi wakarukwa. Umeme ukikatika hana mbadala wowote, na kama ulikuwa katikati ya kukopi GB 30 inabidi uanze upya. Risiti hatoi. Bei hajaziandika popote, unaambiwa kwa mdomo, mimi sikuona kama amenizidishia ila mgeni hawezi kujua, abandike karatasi moja tu ukutani inatosha.

Ukienda nenda asubuhi kabla jua halijawa kali, siku za katikati ya wiki, beba chaja yako na padi yako kama unayo, na kazi zako muhimu uwe umezikopi sehemu nyingine kabla hujaikabidhi mashine kwa mtu yeyote. Msimu wa korosho wahi zaidi, malipo yakishatoka watu wa Nanyamba na Newala wanashuka na malaptopu mapya ya watoto wao na pale mlangoni hapapitiki.