Ukumbi wa video wa Ngamiani na kesi ya Daktari Shipman

Ukumbi mdogo wa video ulioko Ngamiani, Tanga, ambao kwa kawaida huonyesha mpira na filamu za mapigano, uliwawekea wateja filamu ya matukio ya kweli kuhusu Harold Shipman, daktari wa mji wa Hyde nchini Uingereza, aliyewaua wagonjwa wake, wengi wao wanawake wazee, kwa sindano za diamofini, dawa kali ya kutuliza maumivu. Mfasiri alieleza vizuri kwamba mwaka 2000 mahakama ilimtia hatiani kwa mauaji ya watu 15, na kwamba tume ya uchunguzi baadaye ilibaini waliouawa kuwa 215. Alipofika kwenye wosia wa kughushi uliomfichua daktari huyo, hata hivyo, aliupitia harakaharaka huku akitania, jambo lisilostahili msiba kama ule. Mabenchi yanaumiza mgongo, ila sauti ni safi. Sehemu bora zaidi ni ile inayoonyesha jinsi Waingereza walivyokaza masharti ya utunzaji wa dawa kali na ya vyeti vya vifo, kwa kuwa Shipman alikuwa akivisaini mwenyewe. Wazee waliokaa mbele yangu walilijadili hilo mpaka kahawa ikapoa vikombeni. Kwa kiingilio kile, ukumbi unafaa, mradi mfasiri apunguze mzaha.