Blu-ray ya Solaris: nimeinunua kwa ajili ya Donatas Banionis

Karibuni tena, ndugu watazamaji. Hii niliyoshika ni Blu-ray ya Solaris, filamu ya Andrei Tarkovsky ya mwaka 1972, toleo la Criterion, kampuni ya Marekani inayotoa filamu kwenye diski. Wengi huinunua kwa jina la mwongozaji. Mimi nimeinunua kwa sababu ya Donatas Banionis, Mlithuania aliyecheza kama mwanasayansi Kris Kelvin, na leo nataka tuone kama diski hii inamtendea haki.

Picha kwanza. Jamani, ni safi! Tazameni hapa mwanzo: majani yanayumba ndani ya maji, Kelvin amesimama kando ya bwawa, kimya. Mvua inashuka, naye hakimbii. Kwenye nakala niliyokuwa nayo zamani uso wake ulikuwa kama doa. Hapa unaona mpaka kope zinavyotua. Na uigizaji wa Banionis unaishi hapo hapo. Hakunji uso ili ujue ana huzuni; anafikiri tu, nawe unamwona akifikiri. Hata zile sehemu zilizopigwa kwa rangi moja ya bluu zimerudishwa kama zilivyokuwa.

Utulivu ule aliutoa wapi? Jukwaani. Alizaliwa Kaunas tarehe 28 Aprili 1924, akasomea ufinyanzi, na mwaka 1941, kijana wa miaka 17, akajiunga na ukumbi wa maigizo wa mwongozaji Juozas Miltinis huko Panevėžys, Lithuania. Miltinis alikuwa amesomea sanaa ya jukwaa Paris, kisha akaamua kujenga kazi yake katika mji huo mdogo. Banionis akabaki naye miaka na miaka. Alipokuwa nyota wa Muungano wa Sovieti nzima, bado watu wa sinema ndio waliomfuata Panevėžys. Mkewe, Ona, naye aliigiza pale pale, na miaka ya 1980 Banionis akawa mkurugenzi wa ukumbi huo. Mimi namheshimu sana kwa hilo.

Sasa jambo linaloniuma. Sauti ya Kelvin mnayoisikia kwenye diski hii si ya Banionis. Kirusi chake kilikuwa na lafudhi ya kwao, basi mwigizaji Vladimir Zamansky akaingiza sauti. Ilikuwa hivyo hivyo mwaka 1968 katika filamu ya kijasusi Mertvy sezon: sura ni ya Banionis, sauti ni ya Aleksandr Demyanenko. Fikirini, Wasovieti walimpenda jasusi Ladeynikov, aliyechezwa na Banionis, kupita kiasi, na koo lililokuwa likisema nao lilikuwa la mtu mwingine. Sisi tuliokulia kwenye filamu zinazosemewa na madijei tunajua sauti ngeni inavyoweza kumbadilisha mtu. Ndiyo maana nawaambia, mtazameni mabega na macho; hayo ni yake.

Kuhusu ziada, zipo nyingi: ufafanuzi wa wataalamu wa Tarkovsky, Vida Johnson na Graham Petrie, vipande vilivyokatwa, mahojiano na Natalya Bondarchuk aliyecheza kama Hari, na mpigapicha Vadim Yusov, na mtunzi wa muziki Eduard Artemyev. Yale ya Bondarchuk pekee yanalipa. Lakini Banionis mwenyewe hamo. Diski ilitoka 2011, naye alifariki Vilnius Septemba 2014, akiwa na miaka 90. Nafasi ya kumkalisha mbele ya kamera ilikuwepo, na nimeikosa kila nilipofungua orodha ya ziada.

Anayetaka kumsikia akisema Kilithuania chake atafute filamu Niekas nenorėjo mirti ya mwongozaji Vytautas Žalakevičius, ya 1965. Anacheza kama Vaitkus, mtu aliyetoka msituni kwa wapiganaji waliopinga utawala wa Kisovieti, kisha anafanywa mwenyekiti wa kijiji ambacho mwenyekiti wake ameuawa. Nafasi hiyo ilimpa tuzo ya mwigizaji bora kwenye tamasha la filamu la Karlovy Vary mwaka 1966.

Je, mnunue? Walioko Marekani na Kanada, ndiyo, bila kusita. Walioko Afrika Mashariki, Oman au Ulaya, subirini kidogo: diski za Blu-ray hufungwa kwa kanda, yaani maeneo ya dunia, na hii ni ya kanda A, na mashine zinazouzwa huko kwa kawaida ni za kanda B, hivyo haitacheza. Pia tafsiri ya maandishi ni ya Kiingereza tu. Tafuteni toleo la kanda B, na geuzeni jalada muisome ile herufi kabla ya kutoa pesa.