Programu ya kuundia ala zako mwenyewe: ipi uchukue kwanza

Kinanda cha kawaida kikipiga Rasti, makamu (ngazi ya noti) ya taarabu, kinaidhulumu. Noti yake ya tatu, ukianzia Do, inakaa baina ya Mi bemoli na Mi, na kwenye vitufe pale hapana kitu. Mpiga ganuni anabetua kijichuma tu, yamekwisha. Sisi wa kompyuta inabidi tuunde ala wenyewe: unaburuta visanduku kwenye skrini, unaviunga kwa nyaya, sauti inatoka. Hizi nne nimezitumia hapa Unguja.

Ya kwanza ni Pure Data, lakini ichukue kwa sura ya plugdata. Zote mbili ni bure. plugdata inafunguka kama plagini, yaani ndani ya programu ya kurekodia kama Reaper au FL Studio, kwa hiyo ala yako inapiga pamoja na fidla uliyokwisha kuirekodi. Na Rasti? Weka kisanduku cha mtof, kinachogeuza namba ya noti kuwa hezi, kipe 63.5, kitakutolea hezi 320 hivi. Kipe 64 uone: karibu 330, Mi ile ile ya kinanda. Peleka kwenye osc~ inayotoa sauti, kisha *~ 0.1 inayoipunguza, kisha dac~ inayoipeleka kwenye spika. Hiyo 0.1 usiisahau. Mimi niliisahau usiku wa manane, hedifoni masikioni. Laptopu kuukuu inaibeba bila taabu. Ubaya wake inakupokea na ukurasa mtupu.

Ya pili, VCV Rack. Inaiga mashine za moduli (sinthesaiza za vipande vinavyoungwa kwa waya), waya za rangi zinaning'inia, mwanagenzi anaelewa upesi. Ya bure inajitegemea. Ukitaka kuitumia kama plagini ni Pro, dola 149. Feni ya laptopu itanguruma kama boti ya Pemba.

Ya tatu ni Max, ndugu mkubwa wa Pure Data: zote mbili zimetoka kwa Miller Puckette, Max ikianzia IRCAM, kituo cha utafiti wa muziki huko Paris, miaka ya 1980. Maelezo yake ya msaada hayana mpinzani. Ila majaribio yakisha, bila leseni unaunda lakini huhifadhi. Kama tayari unayo Ableton Live Suite, programu ya kutungia na kurekodia muziki, Max for Live (Max ya ndani ya Live) imo ndani, anza nayo. Kama huna, usiinunue Live kwa ajili hiyo.

Reaktor ni ya mwisho, kwa anayetaka ala zilizokwisha kuundwa na wengine.

Zile programu "zilizovunjwa" (za wizi, bila leseni) za kwenye flashi ziache. Niliuziwa moja, ikaja na virusi. Pesa iliyobaki nunua UPS, betri ya akiba ya kompyuta. Umeme ukikatika, Pure Data haikuulizi kama umehifadhi.