Wimbo wa matambiko wa kabila la kubuni la milimani: uige Georgia ama Mongolia?

Ukikaa na watu wa maigizo hapa Mombasa ubishi huu hauishi: mchezo una kabila la kubuni la milimani, sasa wimbo wao wa matambiko uige sauti tatu za Georgia (ile nchi ya Caucasus, kwaya inaimba sauti tatu tofauti kwa pamoja), ama khoomei ya Mongolia, ile mtu mmoja anatoa mvumo mzito kooni na juu yake kama mluzi?

Kwa pesa khoomei yashinda, mtu ni mmoja tu. Georgia yataka waimbaji watatu au zaidi, na ile besi, sauti ya chini kabisa, ni tamu zaidi ikishikwa na wengi, so hesabu nauli za Likoni na Kisauni kila siku ya mazoezi, na chai pia wataitisha.

Lakini kuaminika, wallahi hapo kwaya iko mbele. Besi mmoja akikwama feri wenzake wanaziba, mwenye khoomei akiamka na mafua basi shoo imekufa, na kumpata mwenyewe ni kazi maana kujifunza huchukua muda mrefu na ukikaza koo vibaya unaumia.

Kitu napenda cha Georgia ni zari, wimbo wa msiba wa Wasvan huko milima ya Caucasus. Hauna maneno yenye maana, ni sauti tupu, kwa hivyo hata wewe huna haja ya kubuni lugha nzima.

Matunzo? Kwaya bila mazoezi sauti yao hushuka kidogo kidogo wakiimba, na koo la mwenye khoomei hutaka mapumziko.

Kama una kwaya tayari, chukua Georgia. Kama ni filamu na mganga yuko peke yake mlimani, khoomei, rekodi mapema.